SAUTI TATU, AKORDI MOJA
Somo juu ya migeuzo ya akordi, kwa wakatekumeni wanaojifunza kuimba

Sala Kuu ya Ekaristi hufungwa kwa neno moja la taifa zima: Amina. Mtakatifu Yustino Mfiadini, aliyeandika mjini Roma karibu na mwaka 150, alikwisha kueleza jinsi waamini wote walivyoitikia neno hilo baada ya msimamizi wa ibada kumaliza sala ya shukrani. Katika karne zilizofuata, wakatekumeni walitoka kanisani kabla ya sehemu hiyo ya Misa; waliingojea Amina hiyo mpaka usiku wa ubatizo wao. Basi si ajabu mkatekumeni akitamani kuiimba vizuri siku ya Pasaka.

Lakini pengine Amina ya kwaya ya kijiji haitulii. Waimbaji wana sauti nzuri, hakuna aliyepotea njia ya wimbo, hata hivyo watu kanisani hubaki wakingoja kana kwamba wimbo haujaisha. Somo hili laeleza sababu moja ya jambo hilo, pamoja na dawa yake.

I. AKORDI NI NINI

Ngazi ya muziki ina vidato saba: do, re, mi, fa, sol, la, si. Baada ya si yaja do nyingine, ya juu. Mmonaki Guido wa Arezzo, katika karne ya 11, ndiye aliyewapa waimbaji njia hii ya majina. Aliyachukua katika mianzo ya mistari ya utenzi wa Mtakatifu Yohane Mbatizaji, ili wanafunzi wake wajifunze nyimbo upesi. Kidato cha kwanza alikiita ut, nacho baadaye kikaitwa do. Si nayo iliongezwa baadaye.

Mtu akichukua kidato kimoja na kuruka kimoja, atapata do, mi, sol. Watu watatu wakiziimba sauti hizo kwa pamoja, zitapatana. Mapatano hayo huitwa akordi. Do ndiyo msingi wake, nayo huipa akordi jina: akordi ya do. Vivyo hivyo fa, la, do ni akordi ya fa. Na sol, si, re ni akordi ya sol.

II. DO YA CHINI NA DO YA JUU

Baba na mtoto wake wakiimba wimbo mmoja njiani, mtoto huimba juu, baba huimba chini. Walakini hakuna asemaye kwamba wanaimba nyimbo mbili. Kila do ya baba yajibiwa na do ya mtoto. Mafundi wa vinanda wajua sababu: uzi ukipigwa mzima hutoa sauti fulani, na nusu ya uzi uleule, ukivutwa sawasawa, hutoa sauti ileile katika daraja la juu.

Kwa hiyo do yaweza kuhamishwa kutoka chini kwenda juu, nayo ikabaki kuwa do. Mwanafunzi aliyelishika neno hili ameshika ufunguo wa somo lote.

III. HALI TATU ZA AKORDI MOJA

Akordi ya do yaweza kusimama kwa namna tatu:

1. Do iko chini kabisa: do, mi, sol. Hii huitwa hali ya msingi.
2. Do imepandishwa juu, mi imebaki chini: mi, sol, do. Huu ni mgeuzo wa kwanza.
3. Mi nayo imepandishwa, sol imebaki chini: sol, do, mi. Huu ni mgeuzo wa pili.

Watu watatu wakibeba gogo kupanda kilima, yule aliye chini kabisa hulemewa kuliko wenzake. Wakibadilishana nafasi, watu ni walewale na gogo ni lilelile. Lakini mwendo hubadilika, kwa maana aliye chini sasa ni mwingine. Ndivyo ilivyo akordi. Jina lake halibadiliki, wala sauti zake hazibadiliki. Kinachobadilika ni nani ashikaye chini.

Hapa wanafunzi wengi hukosea. Hudhani kwamba soprano akiimba mi badala ya do, akordi imegeuzwa. Sivyo. Alto, tenori na soprano waweza kugawana sauti za juu wapendavyo. Mgeuzo haujulikani kwao. Hujulikana kwa besi peke yake. Tena, kwaya ya sauti nne huimba akordi ya sauti tatu kwa kurudia moja, na mara nyingi irudiwayo ni ile ya msingi.

IV. KAZI YA KILA HALI

Hali ya msingi ina kazi ya kutuliza. Wimbo ukifika hapo, msikilizaji hupumzika. Ndiyo sababu nyimbo zilizotungwa kwa akordi huishia karibu zote katika hali hii.

Mgeuzo wa kwanza una kazi ya kutembeza. Ni mwepesi, nao hausimamishi safari ya wimbo. Kwa mfano, kwaya yatoka akordi ya do, yapita akordi ya sol, yarudi akordi ya do. Ikiwa kila akordi iko katika hali ya msingi, besi huruka do, sol, do. Lakini akordi ya sol ikigeuzwa, si ikawekwa chini, besi hutembea do, si, do: hatua moja kushuka, hatua moja kupanda. Mwanafunzi asiyezoea kuruka mbali huipenda njia hiyo.

Mgeuzo wa pili una kazi ya kungojesha. Ni kama mtu aliyesimama mlangoni: hajaingia, wala hajaondoka. Watungaji huuweka mara nyingi karibu na mwisho. Besi hushika sol, na juu yake huimbwa do na mi. Kisha besi yabaki pale pale, na juu yake huja si na re. Mwishowe besi yafika do, na wote hutulia.

Kwa nini do ya chini hutuliza? Kwa sababu sauti moja ya chini haiko peke yake. Uzi upigwao do hutoa ndani yake sauti nyingine ndogo za juu, na miongoni mwa zile za kwanza zimo do ya juu, sol na mi. Basi besi akiimba do, wenzake walio juu huitikia yale ambayo do yenyewe imekwisha kuyasema kimyakimya. Lakini besi akiimba mi, mi nayo huleta sauti zake ndogo, na baadhi yake hazipatani na akordi. Sikio halijui hesabu hiyo, lakini hutambua.

V. WALIOTANGULIA

Katika karne ya 15, mtungaji Guillaume Dufay na wenzake walipamba tenzi za Kanisa kwa mfululizo wa sauti tatu zilizokwenda pamoja, katika mpango ambao leo huitwa mgeuzo wa kwanza. Wao hawakuuita hivyo. Kila mpango wa sauti ulihesabiwa kuanzia besi, kana kwamba ni kitu kinachojitegemea. Mwaka 1722, Jean-Philippe Rameau, Mfaransa aliyepata kuwa mpiga kinanda wa kanisa kuu la Clermont, alichapisha mjini Paris kitabu kikubwa juu ya mapatano ya sauti. Hakuwa wa kwanza kuliona jambo hili, lakini mafundisho yake ndiyo yaliyolieneza: do, mi, sol na mi, sol, do na sol, do, mi si vitu vitatu. Ni akordi moja yenye msingi mmoja, hata msingi huo usipokuwa chini.

Hata hivyo, mkatekumeni asidhani kwamba uimbaji wote wa Kanisa hufuata elimu ya akordi. Wimbo wa Kigregori huimbwa kwa sauti moja. Nao watu wa Kongo walikuwa na nyimbo zao na taratibu zao kabla ya kinanda cha kwanza kufika misioni. Mwaka 1958, huko Kamina, Padri Guido Haazen na kwaya yake waliimba Misa Luba kwa namna za uimbaji wa nchi. Tarehe 4 Desemba 1963, Mtaguso wa Pili wa Vatikano ulifundisha, katika hati yake juu ya Liturujia, kwamba muziki wa mataifa ya misioni upewe heshima na nafasi iupasayo. Elimu ya akordi ni chombo kimoja kizuri. Haikuja kuvunja vyombo vingine.

VI. ZOEZI LA AMINA

Zoezi hili halihitaji kinanda. Mwimbishaji atoe do, kisha agawe sauti hivi:

Besi: do ya chini, mwanzo hadi mwisho.
Tenori: do ya juu yake, mwanzo hadi mwisho.
Alto: fa, kisha mi.
Soprano: la, kisha sol.

Silabi mbili za kwanza, A-mi-, ziimbwe katika akordi ya fa. Silabi ya mwisho, -na, iimbwe katika akordi ya do. Wanawake hushuka kidato kimoja kila mmoja, wanaume hawaondoki. Mwanzoni, do iliyo chini si msingi wa fa, la, do. Kwa hiyo akordi hiyo iko katika mgeuzo wa pili, nayo yangojea. Mwishoni, do ileile imekuwa msingi, na wimbo watulia. Besi hakubadili neno lake hata kidogo, lakini maana yake imebadilika kwa sababu ya waliokuwa juu yake.

Mwimbishaji asishangae zoezi hili likizua ugomvi. Huenda mzee mmoja wa besi, mkatekumeni mwenye sauti ya kutetemesha kuta, akachoka na do, na kwenye silabi ya mwisho akapanda mi. Kwaya itanyamaza, na Amina itabaki angani.

«Baba,» mwimbishaji ataseme, «mi yako ni nzuri, lakini wimbo haujafika nyumbani.»

«Mwalimu,» mzee atajibu, «je, mi si mali ya akordi ya do? Wewe mwenyewe umetufundisha.»

«Ni mali yake, Baba. Hukukosa sauti. Umekosa mahali. Mi yako wanayo akina mama huko juu. Ukiondoka chini, hakuna mwingine wa kukaa pale.»

«Lakini kila siku do! Wanawake wanatembea, sisi tumesimama kama nguzo.»

«Na nguzo ikianza kutembea, Baba, nyumba itakuwaje?»

Watu watacheka, naye mzee atacheka. Kisha waimbe tena mara mbili: kwanza kwa mi chini, halafu kwa do chini. Hapo hakuna atakayehitaji maelezo zaidi.

VII. FUNDISHO KWA ROHO

Mtume Paulo aliwaeleza Wakorintho kwamba mwili mmoja una viungo vingi, na kwamba kiungo kinachoonekana dhaifu chahitajiwa vilevile. Kwaya ni darasa la neno hilo. Soprano husikika na kusifiwa. Besi hasifiwi mara nyingi. Lakini soprano akinyamaza kidogo, wimbo wapungukiwa uzuri; besi akihama mwishoni, wimbo wapungukiwa pumziko. Pia siyo kwamba besi ashike do daima. Kuna saa ya kushika mi ili wimbo utembee, na saa ya kushika sol ili watu wangoje. Utii wa mwimbaji ni kujua saa ipi imefika.

Jambo moja liangaliwe. Mtu asiichukue akordi ya sauti tatu akasema: Hii ndiyo Utatu Mtakatifu. Kila sauti ni sehemu tu ya akordi, lakini Mungu hana sehemu: Baba ni Mungu kamili, Mwana ni Mungu kamili, Roho Mtakatifu ni Mungu kamili, wala hawako Miungu watatu, bali Mungu mmoja. Akordi yafaa kuwa mfano wa jamaa ya waimbaji, isipandishwe zaidi.

MASWALI YA KUJIKUMBUSHA

1. Akordi ni nini?
Ni mapatano ya sauti tatu au zaidi ziimbwazo kwa pamoja, kama do, mi, sol.

2. Mgeuzo wa akordi ni nini?
Ni hali ya akordi ambayo sauti iliyo chini kabisa si ile ya msingi.

3. Akordi ya sauti tatu ina migeuzo mingapi?
Miwili. Katika wa kwanza, sauti ya katikati ya akordi hushika chini. Katika wa pili, ile ya mwisho hushika chini.

4. Mgeuzo hutambuliwa kwa sauti gani ya kwaya?
Kwa besi peke yake.

5. Je, akordi ikigeuzwa imekuwa akordi nyingine?
Hapana. Ni akordi ileile. Mwendo wake tu ndio uliobadilika.

6. Mwisho wa wimbo, besi ashike nini?
Ashike sauti ya msingi, ili wimbo utulie.

Azimio: Juma hili, kila mwimbaji wa besi ajizoeze kuishika do ya mwisho kwa utulivu mpaka mwimbishaji ashushe mkono, naye kila mwimbaji wa juu aisikilize kabla ya kupaza sauti yake mwenyewe.