Unanunua Gari la Drifti? Anza na Bodi

Umeiona Silvia S15. Picha zinavutia, turbo kubwa, na muuzaji anakuhimiza utume pesa leo. Tulia kwanza. Injini hubadilishwa, giaboksi hubadilishwa. Bodi iliyopinda utahangaika nayo miaka. Kwa hiyo fuata mpangilio huu.

Soma namba ya chesisi. Mark II na Chaser za GX100 zilitoka kiwandani na injini ya 1G-FE, lita 2.0. Ukikuta GX100 ina 1JZ-GTE, injini imepandikizwa. Si kosa, ila usilipe bei ya Tourer V, toleo lililotoka kiwandani na injini hiyo ya turbo. Hata chesisi ya JZX100 ya magari hayohayo haijitoshelezi, maana nyingine zilitoka na 1JZ-GE isiyo na turbo.

Kagua kibati cha kiwandani. Kwenye hizo JZX100, angalia herufi ya tatu baada ya kistari: M ni gia za mkono, P ni otomatiki. Kibati kikisema P na ndani kuna klachi, uliza nani alibadilisha, na alitumia giaboksi gani. Kwa S15 uliza toleo: Spec-R ilikuja na turbo, na ya gia za mkono ilikuwa na gia sita; Spec-S haikuwa na turbo. Chesisi zote mbili huanza na S15.

Omba karatasi ya mnada. Kama gari linatoka Japani, daraja la R au RA kwa kawaida lina maana kwamba liliwahi kugongwa likatengenezwa. Kisha tazama mchoro wa gari: A ni mkwaruzo, U ni kubonyea, W ni sehemu iliyonyooshwa, XX ni iliyobadilishwa. Alama zikijaa kona moja, huenda hapo ndipo lilipojigonga.

Ingia uvunguni. Mengi ya magari haya yamefanyishwa kazi kwenye viwanja vya drifti kama Ebisu, Fukushima, ambako ukuta uko karibu. Mulika tochi pale juu shokapu zinapofungwa, kwenye reli za chesisi na chini ya milango. Tafuta mikunjo, kutu na alama za kuchomelea. Linganisha kulia na kushoto. Mianya ya boneti na milango isipolingana, lipeleke kwa fundi wa bodi akalipime.

Jaribu difu. Inua magurudumu ya nyuma, weka gia huru, zungusha tairi moja kwa mkono. La pili likienda upande uleule, difu ni ya LSD (inayozuia tairi moja kuzunguka peke yake) au imechomelewa. Kata kona kali polepole kwenye lami. Tairi zikiruka na kulia, uliza ni ipi kati ya hizo mbili. Ya kuchomelewa inafaa uwanjani, lakini kwa safari za kila siku itakula tairi zako.

Fika injini ikiwa baridi. Gusa boneti kabla haijawashwa. Likiwa la moto, rudi siku nyingine. Moshi wa bluu ni oili inayoungua. Moshi mweupe usiokoma, huku maji ya rejeta yakipungua, unaashiria gasketi. Kisha pima kompresheni ya silinda zote. Namba zikaribiane, moja ikianguka mbali na nyingine, punguza bei au ondoka.

Dai vifaa vya asili. Japani gari hupitishwa kwenye ukaguzi wa shaken kila baada ya miaka miwili, kwa hiyo wenyewe wengi hutunza ekzosi na shokapu za kiwandani. Uliza kama zipo, na zije na gari. Zitakusaidia hata siku ya kuuza.

Piga hesabu ya forodha kabla ya kulipa. Kenya hairuhusu kuingiza gari lenye zaidi ya miaka minane, na S15 ilikoma kutengenezwa 2002. Tanzania gari kuukuu huongezewa ushuru kwa umri wake, kwa hiyo pitia kikokotoo cha TRA, mamlaka ya mapato ya huko, kwanza. Usimwachie dalali akuambie jumla.

Bodi ikiwa imenyooka na karatasi zikikubaliana na chesisi, kaa mezani mzungumze bei. Tenga fungu la tairi, oili na klachi kabla ya kufikiria turbo nyingine. Na ukishalipata, lipeleke kiwanjani ukalizoee. Barabara ya watu si mahali pa kujifunzia.