Mafuta ya Kahawia na Joto la Mtoto Mchanga: Somo kutoka Uwanda wa Singida

Mkoa wa Singida umekaa juu ya uwanda wa kati wa Tanzania, kiasi cha meta 1,500 kutoka usawa wa bahari. Kati ya Juni na Agosti mchana huwa na jua kali, na mgeni hudanganyika akaacha koti lake nyumbani. Jua likizama upepo mkavu huanza kuvuma, na kufikia alfajiri hata mtu mzima hujikunyata. Watoto huzaliwa saa zote, na wengi wao huzaliwa katika saa hizo za baridi.

Tuchukue mfano. Mama amejifungua saa tisa usiku katika zahanati moja ya wilaya ya Mkalama. Mtoto ana kilo 1.9, amelia vizuri, na mhudumu aliye peke yake zamu hiyo amemlaza kando, juu ya kitenge kilichokwisha kulowa, ili ashughulikie kondo la nyuma na damu inayomtoka mama. Baada ya nusu saa mtoto ametulia. Bibi yake anamtazama na kusema, "Huyu ni mpole, hasumbui." Anapoguswa nyayo, ni baridi. Anapowekwa titini, hanyonyi. Upole ule si tabia njema ya mtoto. Ni dalili kwamba kuni zake zinakwisha, na kuni hizo ndizo somo la makala hii.

Mafuta ya aina mbili

Mwili wa binadamu una mafuta ya aina mbili kuu. Yanayojulikana na wengi ni mafuta meupe, yale ya kitambi na mapaja. Kazi yake ni kuhifadhi chakula cha ziada, kama ghala. Aina ya pili ni mafuta ya kahawia. Haya hayahifadhi kwa ajili ya kesho. Huchomwa leo ili kutoa joto. Rangi yake hutokana na wingi wa mishipa ya damu na wingi wa mitokondria, yaani vinu vidogo vya nishati ndani ya seli, ambavyo vina madini ya chuma. Mtaalamu wa viumbe wa Uswisi, Conrad Gessner, aliyaeleza mwaka 1551 alipochunguza mnyama wa milimani anayelala usingizi mrefu wakati wa baridi. Karne kadhaa zilipita kabla ya kazi yake kufahamika.

Ili kuelewa kazi hiyo, fikiria bwawa la Mtera. Maji hujazwa nyuma ya ukuta, kisha huachiwa yapite katika mitambo na kuizungusha, ukapatikana umeme. Mitokondria hufanya jambo linalofanana na hilo. Huchoma sukari na mafuta, na kwa nguvu hiyo hurundika chembe ziitwazo protoni upande mmoja wa utando wake. Protoni zinaporudi hupitia katika mtambo mdogo unaotengeneza nishati ya kuendeshea misuli, ubongo na viungo vingine. Seli ya mafuta ya kahawia ina mlango wa pembeni ambao seli nyingine hazina. Ni protini iitwayo UCP1, ambayo zamani iliitwa thamojenini. Mlango huo ukifunguka, protoni hurudi bila kuupitia mtambo. Nguvu yake haipotei, bali hugeuka joto, na damu inayopita hapo hulichukua na kulisambaza mwilini. Kwa kuwa bwawa linamwagika, seli hulazimika kuchoma kuni zaidi na zaidi ili kulijaza tena.

Anayetoa amri ya kufungua mlango ni ubongo. Ngozi ikihisi baridi, ubongo hupeleka ujumbe kwa mishipa ya fahamu, nayo humwaga kemikali ya noradrenalini moja kwa moja katika mafuta hayo. Mafuta yaliyohifadhiwa huvunjwavunjwa, mlango hufunguka, na joto huanza kutoka pasipo msuli wowote kutetemeka.

Kwa nini mtoto mchanga huyategemea

Mtu mzima akipata baridi hutetemeka, hutafuta blanketi, au huota moto. Mtoto mchanga hana hata moja kati ya hayo. Kutetemeka kwake ni hafifu mno, na ngozi yake ni kubwa ikilinganishwa na uzito wake, hasa ngozi ya kichwa, kwa hiyo joto humtoka kwa kasi. Akiwa tumboni hakuhitaji jiko: mama alimpa joto, na kemikali kutoka kondo la nyuma zilizuia mafuta yake ya kahawia yasichomwe bure. Kitovu kinapofungwa, kizuizi huondoka na baridi ya chumba humpiga kwa pamoja. Jiko huwashwa ndani ya dakika chache.

Mafuta hayo yamelala kati ya mabega, shingoni, kwapani, kuzunguka mishipa mikubwa ya kifua, na kuzunguka figo. Mahali hapo hapakutokea kwa bahati, kwani damu inayokwenda kwenye moyo, ubongo na figo hupashwa moto kwanza. Miguu huachwa mwisho. Ndiyo sababu mhudumu asiye na kipimajoto anaweza kutumia mkono wake: nyayo zikiwa baridi na tumbo likiwa na joto, mtoto anapambana na baridi, nyayo na tumbo vyote vikiwa baridi, amekwisha kushindwa.

Jambo ambalo husahaulika ni gharama. Jiko hili linahitaji hewa ya oksijeni na sukari. Mtoto anayepigwa na baridi hutumia oksijeni nyingi zaidi kuliko kawaida, sukari ya damu yake hushuka, na asidi huongezeka katika damu. Akiwa tayari anapumua kwa shida, upumuaji huwa mgumu zaidi. Na yule aliyezaliwa akiwa amechoka kwa kukosa hewa hawezi kuliwasha jiko sawasawa, kwa sababu moto haukolei pasipo hewa. Basi baridi, sukari kushuka na kupumua kwa shida huandamana, na kila kimoja humvuta mwenzake. Mhudumu anayerekodi "mtoto hanyonyi" bila kupima joto ameandika nusu tu ya habari.

Mafuta ya kahawia huanza kujengeka katika nusu ya pili ya ujauzito na huongezeka zaidi katika miezi ya mwisho. Mtoto njiti huja duniani kabla ghala halijajaa. Ana kuni chache, ngozi nyembamba, na mafuta meupe machache ya kumkinga. Mtoto wa kilo 1.9 tuliyemtaja hapo juu yumo katika kundi hili, au ametimiza miezi lakini hakulishwa vya kutosha tumboni. Kwa vyovyote vile, akiba yake ni ndogo na nusu saa juu ya kitenge kilicholowa ni muda mrefu.

Kuzitunza kuni

Joto la kawaida la mtoto mchanga ni nyuzi 36.5 hadi 37.5 za Selsiasi. Kati ya 36.0 na 36.4 anapambana na baridi. Kati ya 32.0 na 35.9 hali ni ya hatari. Chini ya 32 ni hatari kubwa sana. Hakuna dawa ya kuongeza mafuta ya kahawia kwa mtoto. Kilicho mikononi mwetu ni kupunguza joto linalopotea, ili kuni alizo nazo zimtoshe.

Kwanza akaushwe mara tu anapozaliwa, kichwa kwanza, na kitambaa kilicholowa kiondolewe. Maji yanayokauka juu ya ngozi huiba joto kuliko chochote kingine katika dakika zile. Kisha alazwe kifuani kwa mama, ngozi kwa ngozi, afunikwe kwa kitambaa kikavu na kuvikwa kofia, anyonye ndani ya saa moja. Kuoga kungoje saa 24. Najua neno hili la mwisho huleta mabishano na akina bibi, ambao hupenda kumwona mjukuu akiwa safi. Ni vyema waelezwe wakati wa kliniki, mapema, kuliko kubishana nao saa tisa usiku. Kumpaka mtoto mafuta ya alizeti, ambayo Singida inayo kwa wingi, hakuongezi mafuta ya kahawia. Jiko la mkaa ndani ya chumba kilichofungwa huleta hewa yenye sumu inayoweza kuua mama na mtoto pamoja, na chupa ya maji ya moto imewaunguza watoto ambao hawakuweza kusogea.

Kifua cha mama kina ushahidi mkubwa kuliko wengi wanavyodhani. Huduma ya kangaruu ilianza Bogotá, Kolombia, mwaka 1978, chini ya daktari Edgar Rey Sanabria, wodi zilipokosa vifaa. Kwa miaka mingi ilishauriwa mtoto angoje hali yake itulie kwanza. Shirika la Afya Duniani liliratibu utafiti katika hospitali tano za Ghana, India, Malawi, Nigeria na Tanzania, ambako ulifanyika Dar es Salaam. Watoto 3,211 wenye uzito wa kilo 1.0 hadi chini ya 1.8 waligawanywa: wengine walianza kubebwa kifuani mara baada ya kuzaliwa, wengine walingoja watulie. Matokeo yalichapishwa mwaka 2021. Katika siku 28 za kwanza walifariki asilimia 12.0 ya waliobebwa mapema, na asilimia 15.7 ya waliongojeshwa. Utafiti ulisimamishwa kabla ya wakati kwa sababu faida ilikuwa wazi. Mwaka 2022 Shirika hilo lilibadilisha mwongozo wake.

Kwa hiyo mtoto wetu wa Mkalama akihitaji rufaa, asisafirishwe akiwa amefungwa peke yake mikononi mwa shangazi. Afungwe kifuani kwa mama, kofia kichwani. Mama akiwa hawezi, baba au ndugu mwingine amvue nguo, ambebe kifuani namna hiyohiyo. Joto lipimwe kabla ya kuondoka na wakati wa kufika, na vipimo vyote viwili viandikwe kwenye barua.

Swali la watu wazima

Wagonjwa wa kisukari wameanza kuuliza kuhusu mafuta haya, kwa kuwa yanatangazwa mitandaoni kama njia ya kupunguza unene. Ni kweli kwamba mtu mzima anayo, ingawa hupungua kadiri umri unavyosonga. Madaktari waliyagundua upya kwa njia ya kuchekesha: picha za kutafuta saratani, zinazopigwa baada ya mgonjwa kuchomwa sukari yenye mnururisho, zilionyesha mabaka yanayong'aa shingoni ambayo hayakuwa uvimbe. Mgonjwa akipashwa joto kabla ya kipimo, mabaka hufifia. Mwaka 2009 tafiti tatu zilithibitisha kwamba ni mafuta ya kahawia yaliyo hai. Utafiti wa Marekani uliotoka 2021, wenye wagonjwa zaidi ya 52,000, uliyaona kwa takriban mtu mmoja katika kumi, na waliokuwa nayo walikuwa na kisukari cha aina ya pili kwa kiwango cha chini kuliko wenzao.

Hapo ni pa kusoma kwa makini. Kuonekana pamoja si kusababishana, na wale walikuwa watu waliopimwa saratani, si wanakijiji wa Iramba. Dawa za kuyaamsha zimejaribiwa kwa watu wachache, na baadhi huongeza mapigo ya moyo. Baridi yenyewe hupandisha shinikizo la damu. Mgonjwa anayekusudia kuoga maji baridi alfajiri ya Julai ili ayeyushe kitambi, ilhali ana presha, azungumze kwanza na mhudumu wake, na asiache vidonge vyake.