KINAYA KATIKA USAWIRI WA MWANAMKE MTENDAJI: FILAMU BUBU YA THE CLINGING VINE

Suala la mwanamke kazini lilikwisha kushughulikiwa na wasanii zamani. Mwaka 1926, miaka sita baada ya wanawake wa Marekani kupewa haki ya kura katika katiba, mwelekezi Paul Sloane alitoa filamu bubu iitwayo The Clinging Vine, iliyotokana na tamthilia ya muziki ya Zelda Sears ya mwaka 1922. Anwani hiyo humaanisha mmea utambaao, usiosimama pasipo mti wa kujishikiza. Kinaya chaanzia hapo, kwani mhusika mkuu ndiye mti wenyewe.

Mhusika huyu, aliyeigizwa na Leatrice Joy, huitwa A.B. tu. Nywele zake ni fupi, mavazi yake yaelekea ya kiume, na ndiye hasa aiendeshaye kampuni ya rangi ya mzee Bancroft. Hata Jimmie, mjukuu wa tajiri, alifutwa kazi na A.B., asimjue kwa sura. Yafaa kukumbuka kwamba Kiingereza hulazimika kujificha nyuma ya herufi hizo mbili, kwa kuwa viwakilishi vyake hufichua jinsia. Katika Kiswahili, ngeli ya A-WA ingeitunza siri hiyo bila taabu: A.B. ameamuru, A.B. amemfukuza.

Wanaume wanauheshimu uamuzi wake ila hawamwoni kuwa mwanamke. Nyanya yake Jimmie ndiye anayemkwatua na kumfunza kauli mbili fupi: moja ya kumsihi mwanamume aendelee kusema, nyingine ya kumsifu kwa ajabu yake. Jimmie anampenda papo hapo, asijue ni nani.

Mhakiki mwepesi atasema kuwa filamu hii inaitukuza taasubi ya kiume. Lakini anayechekwa ni nani? Ni mwanamume aliyeridhika kusikilizwa, akadhani amezungumza na mtu. Katika sanaa isiyo na sauti, ambapo maneno huandikwa kwenye skrini, takriri ya kauli hizo yageuka kuwa dhihaka.

Hata hivyo, kicheko hicho hakiondoi dosari moja. A.B. hapotezi akili yake anapovaa gauni la marinda, anaificha tu. Mapenzi yanamjia akiwa ndani ya vazi la kuazima, naye aliyeiendesha kampuni nzima hakupata wa kumpenda alipokuwa mezani pake ofisini.