SOMO: BIBI NA MJUKUU
(Soma 2 Timotheo 1:5)

Timotheo alirithi imani kwa bibi yake Loisi. Hapa Mtera pia bibi wengi wanalea wajukuu. Bwawa, lililojengwa mwishoni mwa miaka ya 1970 kuhifadhi maji ya umeme wa Kidatu, lilileta uvuvi. Wazazi wengine hufuata samaki, wengine vibarua mjini, wengine wametangulia mbele ya haki.

Bibi humfundisha mjukuu kulima uwele na kuamkia wakubwa. Macho ya bibi yakififia, mjukuu humchotea maji na kumshika mkono njiani. Ndipo masomo hukatika.

Wanakamati, tusiwatenganishe. Tumpunguzie mtoto mzigo, abaki kwa bibi na asome.

Tujadili: Katika jumuiya yetu, nani atamchotea bibi maji saa za shule?