Mbwa wa Nyumbani Anapofikia Mwisho

Mbwa aliyelinda boma kwa miaka 12 naye huzeeka. Saratani, figo zilizochoka au ajali ya barabarani huweza kumfikisha mahali ambapo hataki chakula, hawezi kusimama, hulia akiguswa na hujilowesha pale alipolala. Familia hujiuliza: tumwache afe mwenyewe, au tumwite daktari wa mifugo ampe dawa ya kumaliza maisha yake bila maumivu? Na je, si dhambi?

Tutenganishe mambo mawili. Kwa binadamu, Kanisa hukataa kabisa kukatisha maisha ya mgonjwa, hata kwa huruma. Mnyama yuko chini ya uangalizi wetu. Katekisimu ya Kanisa Katoliki, namba 2418, yafundisha kuwa ni kinyume cha hadhi ya binadamu kuwatesa wanyama au kuwaua bila sababu. Ugonjwa usioponyeka wenye maumivu makali ni sababu. Uzee peke yake, au uchovu wa mwenye mbwa, sivyo. Basi daktari ampime kwanza. Vidonda na minyoo hutibika.

Daktari hufanyaje? Kwa kawaida huanza na sindano ya kumtuliza. Kisha huingiza dawa kali ya usingizi, pentobabitali, katika mshipa wa mguu wa mbele. Mbwa hupoteza fahamu katika sekunde chache, na moyo husimama baada ya dakika chache. Macho hubaki wazi, na pengine mwili hushtuka kidogo; hayo si maumivu. Ni tofauti kabisa na rungu, au sumu iliyofichwa ndani ya nyama. Sumu ya strikinini hukaza misuli mbwa akiwa na fahamu zake zote, mpaka ashindwe kupumua. Huo ndio ukatili.

Mbwa aliyemng'ata mtu asiuawe kwa haraka. Jeraha lioshwe kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, aliyeng'atwa aende hospitali siku hiyo hiyo, na mbwa afungiwe na kuchunguzwe na daktari wa mifugo kwa siku 10. Akionyesha dalili za kichaa, watu wa nyumbani wasimshike.

Watoto waambiwe ukweli. Tukisema mbwa "amelala", mtoto mdogo aweza kuogopa kulala.

Dawa ile hubaki ndani ya mzoga, na tumbusi au mbwa wa jirani wakiula huweza kufa. Azikwe siku hiyo hiyo, mbali na kisima, katika shimo la mita moja au zaidi, na mawe yawekwe juu.