Nguvu ya Mtu na Udhaifu Wake

Ndugu zetu, wengi wetu hudhani kuwa mwenye nguvu ni yule asiyeonekana kumhitaji mtu. Madhara ya dhana hii tumeyaona Donholm, mtaa wa mashariki ya Nairobi, wanakokaa baadhi ya vijana wetu waliotoka pwani kutafuta riziki.

Mmoja wao alikuwa nguzo ya jamaa zake. Kila mwezi mamake aliye Mombasa alipokea fedha kwa simu, na kila mwenye haja alielekezwa kwake. Kazi yake ikakatika, asimwambie mtu, hata mkewe. Miezi minne alitoka asubuhi na nguo zake za kazi, akashinda msikitini hata laasiri, na fedha za kupeleka kwao akizikopa. Mkewe alipata habari kwa mwenye nyumba aliyekuja kudai kodi. Ufukara angeuvumilia, kilichomliza ni kufanywa mgeni nyumbani mwake. Mficha maradhi, kilio humfichua.

Tulipomwuliza sababu, alijibu: "Nilichelea kuonekana dhaifu."

Natutazame mwendo wa Mtume wetu (s.a.w.). Mwaka 610, alipoteremshiwa wahyi wa kwanza katika pango la Hira, alirejea kwa Bibi Khadija akitetemeka, akataka afunikwe nguo, wala hakumficha khofu yake. Bibi Khadija hakumdharau. Alimkumbusha wema wake kwa jamaa na wanyonge, kisha akenda naye kwa Waraqa bin Nawfal, mtu mwenye elimu. Nabii Musa naye, alipotumwa kwa Firauni, aliomba nduguye Harun awe msaidizi wake. Ni nani aliyeshuka daraja kwa hayo?

Hatusemi mtu atangaze shida zake barazani. Amwambie mwaminifu mmoja, na mwenye kuambiwa ajue kuwa siri ni amana. Akiitoa, huwafunga wengine vinywa.

Lakini kosa si la kijana yule peke yake. Sisi tuliomwita nguzo, ni nani aliyepata kumwuliza, "U hali gani?" Twampigia simu kwa karo na kwa dawa, tukishapata twanyamaza.

Basi leo mtafute yule unayemdhania hodari. Usimwombe kitu. Mwulize hali yake, kisha umngoje ajibu.

Wabillahi tawfiq.