Juu ya Jina Elisante

Mwalimu mmoja wa usharika ulio kati ya Bunju na Bagamoyo ameleta swali ambalo yafaa lijibiwe mbele ya wasomaji wote. Baba mmoja ametaka mwanawe abatizwe kwa jina la Elisante. Wazee wawili wa usharika wamelikataa. Wa kwanza asema ya kuwa jina hilo halimo katika Biblia. Wa pili asema ya kuwa nusu yake ni Kiarabu. Naye bibi wa mtoto, mzaa mama, ambaye ni Mwislamu, alitaka mjukuu wake aitwe Tabu, kwa maana mama yake mtoto alifariki siku ya tatu baada ya kumzaa. Basi mwalimu auliza: jina hili latoka wapi? Tena, je, laweza kusemwa juu ya mtoto huyu?

Jina Elisante si la kale. Limeungwa na Wakristo wenyewe, nalo huku pwani ni geni. Limeletwa hasa na ndugu zetu waliotoka kaskazini, kwenye Kilimanjaro na nchi za jirani, ambako mission ya Leipzig ilianza kazi mwaka 1893. Wachaga walikuwa na desturi ya kumpa mtoto jina lililo sentensi nzima, wakimtaja Ruwa, yaani Mungu. Walipoanza kusoma Maandiko waliona ya kuwa Waebrania nao walifanya vivyo hivyo, ila wao walisema El. Ndipo wakaanza kuyaunga: Aikaeli ni aika, neno la Kichaga la kushukuru, pamoja na El. Watu walipozidi kukitumia Kiswahili nyumbani mwao, yakazaliwa majina ya Eli na neno la Kiswahili: Elibariki, Elineema, Elifuraha, na hili Elisante. Mtu akiyalinganisha ataona ya kuwa Elisante na Aikaeli ni jina moja lililogeuzwa, mbele likawa nyuma.

Sasa tutazame vipande vyake. Neno El maana yake Mungu. Katika Biblia laonekana mwisho wa majina, kama Danieli, Samweli na Gabrieli, tena laonekana mwanzo, kama Elimeleki na Eliezeri. Likiwa mwanzo pamoja na i, huweza kuwa na maana ya “Mungu wangu”. Musa alimwita mwanawe wa pili Eliezeri, na sababu yake imeandikwa katika Kutoka 18:4: Mungu wa baba yake alikuwa msaada wake. Ndilo neno lile ambalo Bwana Yesu alimlilia Baba msalabani, Mathayo 27:46.

Hapa waalimu wajihadhari. Wengi hufundisha ya kuwa Eli katika majina haya ni yule kuhani wa Shilo aliyemlea Samweli. Sivyo. Kwa Kiswahili yaandikwa sawasawa, lakini kwa Kiebrania jina la kuhani laanza kwa herufi nyingine kabisa, ile ambayo watu wa pwani waliopita chuoni kwa mwalimu wa Kurani huijua kwa jina la ain. Maana yake ni mambo ya juu, ya kuinuka. Nalo ni jamaa moja na jina Ali, ambalo Bagamoyo lasikika kila njia. Bali El ni jamaa ya ilahi. Kwa hiyo mtoto Elisante hana uhusiano na kuhani Eli.

Kipande cha pili ni asante, ambacho a yake imemezwa. Mzee wa pili amesema kweli: ni Kiarabu. Wenye kusema vizuri pwani hutamka bado ahsante. Kwa Waarabu, ahsanta ni tendo zima, si neno la adabu tu: maana yake “umefanya vema”, akiambiwa mwanamume mmoja. Akiambiwa mwanamke husema ahsanti. Waswahili walilipokea neno moja kwa wote, kisha wakaliongezea ni yao wenyewe, wakasema ahsanteni. Mwarabu hawezi kulifanyia neno lake hivyo. Ndiyo alama ya kuwa neno limekwisha kuwa letu.

Lakini kama Kiarabu ni kosa, tutabaki na nini? Roho, dhambi, imani, neema, rehema, baraka: yote yametoka huko. Karl Roehl, katika Biblia yake iliyotolewa mwaka 1937, alijitahidi sana kuyapunguza maneno ya namna hii na kutafuta ya Kibantu. Kazi yake ilikuwa ya bidii na wazee wengi waliipenda, walakini Biblia ya Muungano ya mwaka 1952 iliyarudisha mengi, na hiyo ndiyo inayosomwa makanisani hata leo. Swali hilo limekwisha pimwa na watu wenye elimu kuliko sisi.

Wala mzee wa kwanza hana nguvu nyingi. Daktari Luther alizaliwa tarehe 10 Novemba 1483, akabatizwa kesho yake, siku ya kumkumbuka Martin wa Tours, akapewa jina hilo. Martin halimo katika Biblia. Asili yake ni Mars, mungu wa vita wa Warumi. Kama jina la Mars liliweza kuingia kisimani mwa ubatizo, sioni kwa nini shukrani izuiwe mlangoni.

Limebaki swali la bibi, nalo ndilo zito. Desturi ya pwani haikosi hekima. Sikudhani, Mashaka, Tabu, Riziki: majina haya ni habari ya nyumba siku ile mtoto alipozaliwa. Maandiko nayo yana mifano miwili ya mama aliyekufa akizaa. Mkwewe kuhani Eli, yule tuliyemtaja, alimwita mtoto Ikabodi, kwa kuwa utukufu umeondoka, 1 Samweli 4:21. Jina likabaki hivyo. Na Raheli, roho yake ilipokuwa ikimtoka, alimwita mwanawe Benoni, mwana wa huzuni yangu. Lakini Yakobo akamwita Benyamini, mwana wa mkono wa kuume, Mwanzo 35:18. Yakobo hakusema Raheli amelia bure. Aliweka nguzo juu ya kaburi lake. Ila hakutaka kijana aitwe kilio kila asubuhi anapoamshwa.

Tena nawakumbusha Ludwig Krapf, aliyefika Mombasa mwaka 1844, ambaye kamusi yake ya Kiswahili ilitolewa mwaka 1882. Kabla ya kufika huko, alipokuwa safarini Uhabeshi, mkewe Rosine alizaa binti nyikani, wakamzika upesi. Krapf akamwita Eneba, maana yake chozi. Mwaka ule wa 1844 Rosine naye alikufa Mombasa pamoja na mtoto mchanga. Sithubutu kusema Krapf hakuwa na imani kwa kuwa alimwita mtoto wake chozi. Jina la huzuni si dhambi.

Basi, je, baba huyu asema “Mungu wangu, umefanya vema” juu ya kaburi la mkewe? Akilidhani hivyo na mwalimu amzuie, kwa maana hatuamriwi kukiita kifo chema. Paulo akiita adui, 1 Wakorintho 15:26. Nilimwuliza mwalimu aende akamsikilize. Baba alijibu ya kuwa mkunga aliwaambia wote wawili wangekufa, na mmoja amebaki. Anamshukuru Mungu kwa huyo mmoja. Jibu hilo latosha, na mtoto abatizwe kwa jina alilolichagua baba.

Kwa bibi, mwalimu aende na shemasi wa kike, asiende na hoja. Amweleze tu ya kuwa ahsante ni neno analolisema yeye mwenyewe kila siku, na ya kuwa akitaka kumwita mjukuu wake Tabu nyumbani hakuna atakayemkataza. Watoto wengi wa pwani wana jina la cheti na jina la uani.

Katika kitabu cha ubatizo jina liandikwe neno moja, Elisante, bila h wala kistari, sawasawa na lilivyo katika cheti cha kuzaliwa cha RITA. Wengine wameandika Elisanti, na mtoto akapata taabu alipofika shuleni.